Nyumba Utakayomuchorea Bolanda

Jakisa, mutoto wangu,

Juu ya sabuni, shuka na namna ya kufunga sanduku kwa kamba, shangazi zako wamekwisha kusema yote, na wengine wamesema mara mbili. Mimi sina la kuongeza. Ninakuandikia juu ya mutu yule ambaye kesho utapanda ndege kwenda kukaa kwake Kinshasa, yule uliyeanza kumuita Papa Bolanda. Juzi ulimuita hivyo mbele yangu, nikiwa ninachambua majani ya sombe, na ukaona nimeinama tu. Ulifikiri mama yako amefurahi. Nilikuwa ninauma meno.

Ningekuambia kwa kinywa, lakini weye ni kama baba yako: ukisikia jambo baya unatoka mbio kwenda kulimaliza palepale. Soma barua hii ukiwa ndani ya ndege, umefungwa mukanda kwenye kiti, pahali ambapo huwezi kumukamata mutu shati. Ukimaliza, ichane.

Unajua baba yako alikufa kwa kifua. Ni kweli, kifua kilimumaliza. Sikukuambia kifua kile kilitoka wapi, juu kwanza ulikuwa mudogo, na kisha ukawa kijana mwenye ngumi. Unajua pia kwamba alikuwa anaandika majina ya butiki juu ya milango kule mutaa wa Bunia, quartier Lumumba, na kwamba Bolanda alikuwa bwana wake. Hayo njo Bolanda mwenyewe alikuhadithia alipokuja na gari lake hapa kwetu Mbunya, akakalia kiti cha baba yako, akakunja mguu. "Unencan alikuwa mutu wangu wa mukono," alisema. Mutu wake wa mukono. Na weye ukamuletea chai.

Sasa sikiliza baba yako alikuwa nani.

Unencan alizaliwa juu ya milima ya Mahagi, upande ule unaotazama ziwa. Akiwa shuleni kwa mapadri walimupa rangi zilizobaki ili apake ukuta nyuma ya pango la Noeli. Walitaka Bethlehemu. Yeye akachora vilima vya kwao, na mashamba ya mihogo, na ziwa chini kabisa, na Bikira Maria akajikuta amejifungulia Mahagi. Padri alicheka mpaka akashika tumbo, kisha akauacha ukuta vile ulivyo, na watu walikuja kutoka parokia zingine kuutazama. Kutoka siku ile Unencan hakuwahi kutaka kazi nyingine.

Alipofika Bunia alikuwa anakata mifuko ya nguo ya unga, anaifua, anaivuta juu ya mbao, anachora humo. Ukitazama kwa karibu uliweza kuona herufi za kinu cha unga zinatokea chini ya mawingu. Muzungu mumoja mwenye butiki alimupa pahali pa kufanyia kazi kwenye barza ya nyuma, akatundika tablo zake kati ya vitambaa na taa za petroli. Wageni waliokuwa wanapita wakielekea ziwani walizinunua. Pale chini, upande wa kuume, alikuwa anaandika jina lake lote, Paulo Unencan, kwa rangi nyekundu. Nilimuolea jina lile, nikuambie ukweli. Nilikuwa ninauza samaki upande wa pili wa barabara, nikaliona linang'aa.

Na kulikuwa na jambo moja katika kazi yake ambalo wengine walimuchekea, hata mimi nilimuchekea mwanzoni. Hakuweza kuchora nyumba ya mutu bila kwanza kuuliza habari za mwenyewe. Weye umekulia chini ya mabati, pengine hujui vizuri. Kule kwetu nyumba ya majani ya mwanaume iko na kijiti kimesimama juu kabisa, pale paa inapofungwa. Kijiti kile ni yeye mwenyewe. Siku anakufa, ndugu wanapanda, wanakivunja, wanakitupa chini. Mutu akipita njiani anatazama juu, anaona paa haina kitu, anajua. Anavua kofia, ananyamaza mpaka apite. Hakuna anayeuliza neno.

Basi baba yako akifika kwenye kilima anauliza. Siku moja nilimusindikiza, tukakutana na mama muzee mumoja analima. Unencan akamuonyesha nyumba moja chini ya mikalitusi.

"Mama, mwenyewe wa ile nyumba iko?"

"Iko, lakini iko mugonjwa sana."

"Basi nitangoja," akasema, akafunga rangi zake.

Nilikasirika, mvua ilikuwa inakuja na miguu iliniuma. Nikamuambia, "Chora kijiti, kisha kama anakufa utakifuta." Alinitazama kama nimetukana mutu. Tulirudi Bunia bila kitu. Baadaye, habari ilipofika kwamba muzee yule amepona, ndipo alipochora, na kijiti alikiweka cha mwisho, kwa ncha ya unyoya wa kuku. Na kama mutu alikufa wakati tablo iko bado nyumbani, alichukua kisu, akakwangua kijiti kile. Alichora hivi milima yote, hata alipokwenda mpaka Bule, kwa watu wasio na desturi ya kijiti, ambao walimushangaa tu na maswali yake.

Kisha ukaja wakati ule butiki za wageni zilichukuliwa zikapewa wananchi. Muzungu aliondoka na sanduku moja, na mwananchi mumoja, Citoyen Bolanda, akashuka kutoka kwenye gari na abakosi yake mupya, suti ile ya Chama isiyovaliwa na tai, hajui bei ya chumvi, akawa mwenye butiki. Hakuwa mutu wa huku. Hajawahi kupanda kilima hata kimoja cha Ituri, tumbo lake lingemukataza. Vitambaa aliviuza, taa aliziuza, rafu zikabaki tupu, na mwisho akakuta nyuma mutu anachora.

Sitamusingizia. Alikuwa na kicheko kizuri. Alikutupa juu na kukudaka, weye ukiwa mutoto wa kukimbia na suruali iliyoraruka, na ulimupenda tangu wakati ule, labda unakumbuka. Alimuletea Unencan rangi nzuri kutoka Kisangani. Siku moja akainama, akasoma pale chini.

"Paulo ni nani? Hausikii radio? Majina ya Wazungu yamekwisha. Unataka siye wawili tufungwe, tulale kasho?"

Baba yako akasema atafuta Paulo, atabakiza Unencan.

"Acha kwanza, ndugu yangu. Watu wa Chama wanachokora kila kitu. Acha pale pawe peupe mpaka mambo yatulie. Nani hajui ni kazi yako?"

Unencan alirudi nyumbani akaniuliza nafikiri nini. Nilikuwa ninaogopa wakati ule, sote tulikuwa tunaogopa, mwalimu wa jirani alikuwa amepelekwa kasho kwa ajili ya tai ya Kizungu aliyovaa shingoni. Nikamuambia: acha, jina ni rangi tu, mikono ni yako. Nimesema maneno mengi ya kijinga katika maisha yangu, lakini lile ninalichukia mpaka leo. Jina halikuwa rangi tu. Bolanda alilijua hilo vizuri kuliko siye.

Tablo zilianza kwenda Kinshasa, nyingi, kila ndege. Tulifikiri ni biashara inaendelea. Mimi nilikuwa ninafungia samaki kwenye magazeti ya zamani, tuliyanunua kwa kilo pale sokoni, na siku moja nilitandaza ukurasa na kukuta picha, tablo ya kilima cha nyumba ya baba mukwe wangu. Mbele ya tablo amesimama Bolanda, mukono wake juu ya mbao. Chini wameandika kwamba huyu ni mwana wa milima ya Ituri, muchoraji mukubwa, anayechora kijiji alichozaliwa. Watu wakubwa wamemuzunguka na glasi.

Hapo ningefanya nini? Mara nyingi ninaipanga upya siku ile. Ningekunja karatasi ile, ningeiweka kifuani, ningekaa nayo, ningepika, ningengoja. Badala yake nilikimbia nayo na mikono ya samaki, nikamupa mutu ambaye alikuwa hajala tangu asubuhi. Hasira nzuri ni ile imekaa, Jakisa. Ile ya kwanza inakupeleka tu mbele ya mutu ambaye alishajitayarisha kukungoja.

Unencan aliingia butikini mbele ya wateja. Alisema yote, kwa sauti. Bolanda hakukasirika hata kidogo, njo kitu kilichonitisha. Akavuta kiti. "Ndugu yangu, kaa, umechoka. Tunywe kidogo, tuzungumze." Baba yako akakataa, akatema mate chini, akatoka.

Kesho yake asubuhi askari walikuja. Walisema ametukana Chama, na kwamba hajaonekana kwenye salongo, kazi ile ya lazima ya serikali, yeye aliyepaka chokaa ukuta muzima wa soko siku ya salongo bila kulipwa. Kasho ile ilikuwa chini ya barabara, maji yalikuwa yanaingia. Nilikuwa ninapeleka chakula na sijui nani alikikula. Nilikwenda kwa Bolanda, ndiyo, nilikwenda, nilipiga magoti kwenye simenti ya barza ileile. Aliniinua kwa mikono yake miwili. "Mama, nitaona kama naweza kumusaidia." Aliona mpaka mvua zote zikaisha.

Walimutoa akiwa anakohoa. Alikuwa mwembamba mpaka weye ulijificha nyuma yangu. Hakuweza tena kupanda milima, akachora tablo moja tu hapa nyumbani, amelala upande mumoja, mimi nikimushikia rangi. Alichora nyumba yake ya ujana, ile aliyoijenga kwa mikono yake kule Mahagi kabla ya kushuka Bunia. Nilimuuliza, nikijaribu kumuchekesha, "Mwenyewe wa nyumba hii iko?" Akasema, "Iko." Akaweka kijiti.

Tulimuzika siku ya jua kali. Watu wote wa quartier walikuwa makaburini. Tuliporudi, mulango ulikuwa wazi na ukuta mutupu. Dereva wa Bolanda alikuwa amepita. Matanga hayajakaa, mutu amekwisha kuchukua kitu cha mwisho ambacho marehemu alikigusa.

Kwa hiyo usiniambie juu ya Papa Bolanda.

Sasa utaniuliza kwa nini nimekubali uende. Nilikuona unaniangalia alipokuwa anaongea, kwamba atalipa masomo yako kwenye shule ya kuchora, kwamba utakula kwenye meza yake, na mimi nikamushukuru kwa mikono miwili na kumufungia kuku wawili. Mama wa jirani aliguna. Alisema baadaye kisimani kwamba mujane wa Unencan amenunuliwa. Nilimuacha aseme.

Nimekubali juu ninajua anachotafuta. Tablo za baba yako zimekwisha. Aliuza zote, akabakiza ile moja ya ukutani kwetu, ambayo sasa iko ndani ya salo yake, chumba cha wageni. Watu wakubwa wanamuuliza: Citoyen, mbona huchori tena? Anasema macho yanamusumbua, anasema kazi za taifa ni nyingi. Mutoto wa shangazi yako anayefanya kazi kule ametuambia kwamba wameanza kucheka kidogo. Ndipo Bolanda, aliyekwisha kuhamia Kinshasa zamani, alikumbuka njia ya Bunia. Akaona ukuta ulioupaka picha pale parokia, akauliza ni wa nani, wakamuambia, na jioni ileile gari lake likawa mbele ya nyumba yetu. Hakuja kukusomesha. Amekuja kuchukua mukono mwingine.

Na akasema, ulimusikia kwa masikio yako: "Kitu cha kwanza utanichorea nyumba ya baba yangu kule milimani, iliyo yangu sasa. Tablo kubwa, ya kujaza ukuta. Nitaalika watu." Nyumba ya baba yake, katika milima ya Mahagi. Mutu amedanganya muda murefu mpaka anataka uongo wake uchorwe na mutoto wa mutu aliyemuua. Weye ulisema ndiyo, Papa. Mimi niliomba ruhusa kwenda kuangalia moto, nikacheka jikoni peke yangu, na sikuwa nimecheka hivyo kwa miaka.

Muchoree.

Muchoree vizuri kuliko ulivyowahi kuchora kitu. Usiharibu hata jani moja kwa makusudi, iko na macho ya mufanyabiashara, ataona. Weka ziwa chini, weka mashamba, weka moshi wa asubuhi, na katikati nyumba kubwa ya majani, nzuri, ya mutu mukubwa. Mwambie ni yake, na aseme mbele ya wote ni yake. Juu ya paa usiweke kitu. Acha mbingu tu.

Hatajua. Amekaa na milima ile ukutani muda wote huu, anakula akiitazama, na hajawahi kuuliza vile vijiti vidogo ni vya nini.

Na tablo zako zingine zote, zile za shule na zile utakazouza, andika jina lako lote, Jakisa mwana wa Unencan, kubwa, hata mwalimu akisema linaharibu. Hii moja usiandike. Pale chini pabaki peupe. Muachie yeye alete kalamu na aandike la kwake kwa mukono wake mwenyewe, taratibu, mbele ya wageni.

Ile ya baba yako, utakayoikuta kwenye salo, usiiguse. Najua itakuuma. Siku ya kwanza utataka kuitoa ukutani na kurudi nayo nyumbani, na askari wa mulango atakukamata, na mimi nitaanza tena kupeleka chakula kasho. Sitaki. Iache pale. Nyumba yetu hapa ni ya mabati, hakuna ndugu aliyewahi kupanda kumuvunjia Unencan kijiti, na kwa upande wangu ni vizuri hivyo. Akae pale na kijiti chake, amutazame yule mwingine anavyokula.

Kitu ninachoogopa si askari. Ninaogopa atakupenda. Atakununulia viatu, atakuuliza habari za mutihani, utaugua malaria na atakuletea dawa mwenyewe, na kicheko kile, mimi nakijua. Utaanza kusema moyoni: ni mutu muzee sasa, labda mama anazidisha. Siku hiyo ikija, sikukatazi kula chakula chake. Kula, ushibe, chakula kile ni cha baba yako. Lakini usimutetee mutu yule mbele yangu, na usije kunisalimia na salamu zake. Na kama padri wa kule atakuambia usamehe, mujibu kwa heshima kwamba jambo lile liko mikononi mwa mama yako, na mama yako angali hai, na wala hana haraka.

Labda wengine watasema nimekutuma kwenda kufanya ubaya. Ubaya gani? Sikukuambia umuwekee sumu. Sikukuambia uchukue franga yake. Nimekuambia umuchoree nyumba, kama alivyoomba mwenyewe.

Siku ya karamu yake watakuja watu wetu pia. Kinshasa kuna wafanyabiashara wa Mahagi, kuna wanafunzi, kuna wakubwa wetu wawili watatu, na yeye atawaalika wote, juu anataka waonekane nyuma yake. Wataingia wakicheka na glasi mukononi. Watafika mbele ya ukuta ule. Watatazama nyumba, watatazama juu ya paa. Weye simama pembeni, na usicheke, hata kidogo. Utaona mumoja anaweka glasi chini. Mwenye kofia ataivua. Hawatasema neno, na hakuna atakayemueleza, ninawajua watu wetu.

Atakuja kwako usiku ule, amefurahi au ameshituka kidogo, atakuuliza kwa nini watu wa milimani wakifika mbele ya nyumba yake wananyamaza namna ile. Mujibu ni heshima. Hautakuwa umemudanganya.

Mama yako,
muke wa Unencan